Mjadala: Nini hasa huwatoa watu ndani na kuwapeleka barabarani kudai demokrasia?

Mleta mada

Wakuu, habari za wakati huu. Kuna kauli ninayokutana nayo kila nchi fulani inapolipuka kwa maandamano, na leo nimeona niilete tuijadili. Inasema hivi: "Wale hawajui demokrasia ni nini. Wana njaa tu. Wape ajira, shusha bei, watarudi nyumbani." Kuna wanaopinga wakisema waandamanaji ni watu wa itikadi, wamesoma, wana ndoto ya nchi huru, na habari za bei ni kisingizio. Pembeni yupo wa tatu, anayesema wote wametumwa na mabeberu.

Msimamo wangu nautaja mapema ili anayetaka kunipinga ajue pa kuanzia. Naamini mtu hutoka ndani pale anapogundua kwamba aliyemuumiza hawezi kuulizwa na yeyote. Bei imepanda, hakuna wa kumuuliza. Mtoto amefia mahabusu, hakuna wa kumuuliza. Kura zimetangazwa kinyume na zilivyohesabiwa, hakuna wa kumuuliza. Hapo dai la mkate hugeuka kuwa dai la kura, bunge, mahakama na gazeti huru, maana hivyo ndivyo vyombo vya kumuuliza mtawala na kumwondoa akishindwa kujibu.

Nianze na Gdańsk, Polandi, kwa sababu pale waandamanaji waliandika wenyewe walichotaka na maandishi yapo hadi leo. Julai 1980 serikali ilipandisha bei ya nyama, migomo ikaanza hapa na pale. Tarehe 7 Agosti uwanja wa kuunda meli uliobeba jina la Lenin ukamfukuza Anna Walentynowicz, mwendesha kreni aliyebakiza miezi michache astaafu, kwa sababu ya harakati zake za kutaka chama huru cha wafanyakazi. Tarehe 14 wenzake wakaweka zana chini. Madai yao ya mwanzo yalikuwa mchanganyiko: Anna arudishwe kazini, fundi umeme Lech Wałęsa aliyefukuzwa 1976 naye arudishwe, mishahara iongezwe, na ujengwe mnara wa kuwakumbuka wafanyakazi waliopigwa risasi Desemba 1970.

Siku chache baadaye kamati ya mgomo, iliyokwisha kuunganisha viwanda vingi, ikaandika madai 21 kwenye mbao mbili za plaiwudi na kuzitundika langoni. Zisomeni kwa makini. Dai la 1: vyama vya wafanyakazi visivyo chini ya chama tawala wala chini ya mwajiri. La 2: haki ya kugoma. La 3: uhuru wa kusema na kuchapisha. La 4: waliofukuzwa baada ya migomo ya 1970 na 1976 warudishwe, na wafungwa wa kisiasa waachiwe. Sasa shukeni. La 12: wakuu wa kazi wachaguliwe kwa uwezo wao na si kwa kadi ya chama. La 13: kadi za mgao wa nyama mpaka soko litulie. La 17: nafasi za kutosha kwenye vituo vya kulelea watoto wa akina mama wanaofanya kazi. La 18: likizo ya uzazi yenye malipo kwa miaka mitatu. La 21: Jumamosi ziwe za mapumziko.

Nyama na uhuru wa kuchapisha kwenye orodha moja, na kizuizi cha kadi ya chama kinakaa jirani kabisa na mgao wa nyama. Anayetaka kutenganisha tumbo na siasa aje atuonyeshe angekata wapi. Kinachonigusa zaidi ni mpangilio. Watu waliokosa nyama waliiweka nyama nambari 13. Walikuwa wamepandishiwa bei 1970 wakagoma, wakapandishiwa tena 1976 wakagoma, na mara zote mbili serikali ikalazimika kurudi nyuma huku watu wao wakiuawa, wakifungwa au wakifukuzwa. Wakajifunza kwamba bei iliyoshushwa kwa hiari ya mtawala hupanda tena kwa hiari yake. Safari hii wakatanguliza chombo. Tarehe 31 Agosti serikali ikatia saini, na chama kilichozaliwa pale, Solidarność, kikafikisha wanachama wapatao milioni 10.

Mfano wangu wa pili ni wa juzi tu. Bangladesh, katikati ya 2024, wanafunzi walikuwa na dai dogo mno: asilimia 30 ya ajira za serikali zilizotengwa kwa familia za wapigania uhuru wa 1971 zipunguzwe, ili watoto wa wengine nao wapate nafasi. Huwezi kuliita dai la kumpindua mtu. Julai 14 Waziri Mkuu Sheikh Hasina, aliyekuwa madarakani tangu 2009, akauliza hadharani kama wajukuu wa wapigania uhuru wasipopata nafasi hizo, zipewe wajukuu wa "razakar", yaani wale waliolisaidia jeshi la Pakistan kuwaua wenzao. Usiku ule ule wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Dhaka wakatoka mabwenini wakijiita kwa tusi hilo hilo. Siku zilizofuata polisi wakafyatua risasi, intaneti ikazimwa.

Sikilizeni sasa kilichofuata. Julai 21 Mahakama ya Juu ikapunguza mgao wa familia za wapigania uhuru hadi asilimia 5 na kuamuru asilimia 93 za ajira zitolewe kwa sifa. Dai lilikuwa limetimizwa karibu lote! Kama ni ajira tu, habari ingekwisha hapo. Watu hawakurudi, maana walikuwa na maiti na hakuna aliyewajibika kwa maiti hizo. Mwanzoni mwa Agosti madai yote yakafutwa likabaki moja: ajiuzulu. Agosti 5 akapanda helikopta akakimbilia India.

Na Chile, Oktoba 2019, nauli ya treni za chini ya ardhi jijini Santiago ilipandishwa kwa peso 30. Waandamanaji wenyewe wakajibu swali langu kwa mabango: si peso 30, ni miaka 30, yaani miaka yote tangu udikteta wa kijeshi uishe.

Karibuni. Anayeona nimekosea anioneshe wapi, kwa mifano.

Mchangiaji wa kwanza

Dada mleta mada, heshima yako. Umeandika vizuri lakini naona unaipamba njaa kwa nguo za siasa.

Sudani, Desemba 2018: mkate ulitoka pauni 1 hadi 3, mji wa Atbara ukawaka. Sri Lanka, 2022: mafuta yaliisha, umeme ukakatwa hadi saa 13 kwa siku, na Julai rais akakimbia nchi. Tunisia, Desemba 2010: Mohamed Bouazizi, muuza matunda na mboga wa Sidi Bouzid, alinyang'anywa mali yake akajichoma moto. Hata Ufaransa, Oktoba 1789, wanawake walitembea hadi Versailles wakitaka mkate. Kote huko tumbo limetangulia, wasomi wamekuja baadaye na hotuba zao.

Nionyeshe nchi ambayo watu wana ajira, wameshiba, uchumi unakua, halafu wakaingia barabarani kwa sababu ya kifungu cha katiba. Na nikuulize kuhusu China. Tangu 1978 mamia ya mamilioni ya watu wametoka kwenye umaskini bila hizo kura unazozisema. Mtu akiwa na nyumba, hospitali na treni ya mwendo kasi, huyo anadai nini tena? Demokrasia hailiwi, dada yangu.

Mleta mada

Kaka, umeniomba nchi inayokua, nakupa Korea Kusini. Mwaka 1987 uchumi wake ulikuwa unapaa, viwanda vinauza magari na vyombo vya umeme duniani, Seoul inajiandaa kupokea Olimpiki ya 1988. Januari mwaka huo mwanafunzi Park Jong-chul alifia mikononi mwa polisi walipokuwa wakimhoji. Maelezo ya polisi yalikuwa kwamba afisa alipiga meza kwa nguvu, kijana akashtuka, akafa. Baadaye ikathibitika aliteswa kwa maji. Aprili rais Chun Doo-hwan akatangaza kwamba mjadala wa kubadili katiba ili wananchi wamchague rais moja kwa moja umefungwa. Juni mwanafunzi mwingine, Lee Han-yeol, akapigwa kichwani na kopo la gesi ya machozi mbele ya chuo chake. Waliojaza mitaa mwezi ule walikuwemo watu wa maofisini waliovaa tai, wenye mishahara. Juni 29 utawala ukasalimu amri na kukubali uchaguzi wa moja kwa moja.

Watu wale walikuwa wameshiba, kaka. Walichokataa ni kuambiwa kwamba mtoto amekufa kwa kishindo cha meza, na wakae kimya.

Hong Kong nayo ilikuwa miongoni mwa miji tajiri duniani mwaka 2019 mamia ya maelfu walipotoka kupinga muswada wa kuwapeleka watuhumiwa China bara. Septemba serikali ikatangaza kuuondoa muswada. Wakaendelea, maana kati ya madai yao matano yalikuwa yamebaki manne, likiwemo la tume huru ya kuchunguza polisi na la haki ya kuwachagua viongozi wao.

Kifungu cha katiba? Burkina Faso, Oktoba 30, 2014. Rais Blaise Compaoré, miaka 27 madarakani, alitaka bunge libadilishe kifungu cha 37 kinachoweka ukomo wa mihula. Siku ya kupiga kura hiyo wananchi wakaingia bungeni na jengo likateketea. Kesho yake akajiuzulu. Najua Burkina si nchi iliyoshiba, lakini hasira ile ilikuwa na nambari ya kifungu.

Na hiyo Sudani uliyoitaja ndiyo inayokupinga kuliko zote. Ni kweli mkate ulianza. Lakini Aprili 11, 2019 jeshi lilipomwondoa Omar al-Bashir, watu waliokuwa wamekita kambi mbele ya makao makuu ya jeshi Khartoum hawakuondoka. Jenerali Ibn Auf akaapishwa kushika nafasi, wakamkataa, na kesho yake akaachia ngazi. Mkate ulikuwa bado ghali. Walichokuwa wanadai pale ni serikali ya kiraia. Tazama pia wimbo wao: uhuru, amani na haki.

China nakuungia mkono kwa sehemu. Kupunguza umaskini kwa kiwango kile ni jambo kubwa na sitalibeza. Ila kumbuka wanafunzi na wafanyakazi waliojaza uwanja wa Tiananmen jijini Beijing mwaka 1989 walitoka baada ya miaka kumi ya ukuaji, si baada ya njaa, na kati ya walichodai ni viongozi kutangaza mapato yao na ya familia zao, na magazeti kuwa huru. Wameshiba kiasi gani leo siwezi kukupimia, kwa sababu nchi isiyoruhusu kuuliza huwezi kujua ukimya wake una maana gani.

Mchangiaji wa pili

Mnazunguka. Fuateni pesa. Serbia mwaka 2000, kundi la vijana la Otpor lililosaidia kumng'oa mtawala wa huko, Milošević, lilipokea fedha na mafunzo kutoka Marekani, jambo ambalo halina ubishi. Baadaye watu wa kundi hilo wakawafundisha vijana wa nchi nyingine. Kwa hiyo mnapozungumzia "kinachowasukuma watu" mjue kuna wanaosukumwa kwa bajeti ya watu wengine, na hao wafadhili hawatoi pesa kwa kuwapenda. Leo wanakupa stika na fulana, kesho wanataka bandari na migodi. Mimi siungi mkono maandamano ambayo sijui risiti zake.

Mchangiaji wa tatu

Wanangu, mimi ni mtu mzima kidogo, nimewahi kukaa kwenye kituo cha kura kama wakala wa chama, nikihesabu hadi usiku wa manane. Kwa hiyo naomba nizungumzie jambo ambalo naona mmelipita haraka, nalo ni kura yenyewe.

Ujerumani Mashariki, Mei 7, 1989, kulikuwa na uchaguzi wa serikali za mitaa. Utaratibu wa kule ulikuwa hivi. Unapewa karatasi yenye majina yaliyokwisha kupangwa. Ukikubali, unaikunja na kuitumbukiza sandukuni. Ukikataa, itabidi ukate jina moja baada ya jingine, na ukienda kwenye kile chumba cha pazia kufanya hivyo kila mtu anakuona na wengine wanaandika. Matokeo yalikuwa yanajulikana kabla ya jua kuchomoza.

Lakini sheria ya kule ilisema kuhesabu kura ni jambo la wazi. Mwaka ule watu wa vikundi vya amani na vya makanisani, Berlin Mashariki, Leipzig na miji mingine, wakaamua kuitumia sheria hiyo. Walikwenda kituo kwa kituo, wakasimama wakiangalia karatasi zinavyopangwa, wakaandika idadi ya kura za hapana kwenye daftari, wakakutana usiku wakajumlisha. Serikali ikatangaza asilimia 98.85 za ndiyo. Wao wakatazama daftari zao. Kwenye mtaa wa Weißensee, Berlin, hapana walizozihesabu wenyewe zilikuwa nyingi kuliko zilizotangazwa kwa mtaa mzima.

Hakuna aliyewalipa wale kuhesabu. Walikuwa na penseli. Na kuanzia hapo, kila tarehe 7 ya mwezi, wapo waliokwenda uwanja wa Alexanderplatz kupinga wizi ule, wakikamatwa. Miezi mitano baadaye, Oktoba 9, watu wapatao 70,000 walitembea Leipzig, askari wapo kila kona, na hawakupigwa risasi. Mwezi mmoja tena Ukuta wa Berlin ukafunguka.

Manila, Ufilipino, vivyo hivyo. Februari 1986, baada ya uchaguzi alioitisha rais Ferdinand Marcos, waendesha kompyuta wa tume, wengi wao wanawake, waliona takwimu wanazoziingiza hazifanani na zinazoonyeshwa kwenye ubao wa matokeo. Februari 9 wakainuka kwenye viti vyao, wakatoka mbele ya kamera, wakakimbilia kanisani. Wiki mbili baadaye barabara ya EDSA jijini humo ikajaa waandamanaji.

Nawaambia kwa uzoefu wangu mdogo: mtu aliyehesabu kwa mkono wake halafu akasikia redioni namba nyingine, huyo hasahau. Unaweza kumwambia funika kombe, hafuniki. Yule kijana anayedai risiti za waandamanaji, aanze kudai risiti za wanaotangaza.

Mleta mada

Shikamoo mzee. Umenifundisha, hilo la Weißensee sikuwa nimeliweka kwenye hoja yangu na linastahili kuwa mwanzo kabisa.

Nimjibu ndugu wa pili. Fedha za Otpor ni kweli, sitazificha. Fedha zile zilinunua stika, mafunzo na waangalizi wa kura. Lakini Milošević alikwama zaidi wachimba makaa ya mawe wa Kolubara walipogoma baada ya uchaguzi wa Septemba 2000 na kutishia umeme wa nchi. Mchimba makaa anayeacha mshahara wake na kusubiri polisi getini hanunuliwi kwa stika.

Kisha tazama upande wa pili wa risiti. Misri ya Hosni Mubarak ilikuwa ikipokea kutoka Marekani takriban dola bilioni 1.3 za msaada wa kijeshi kila mwaka. Marcos alikuwa rafiki wa Washington karibu hadi siku zake za mwisho. Chun wa Korea alipokelewa Ikulu ya Marekani mwaka 1981, chini ya mwaka mmoja baada ya jeshi kuwaua raia katika mji wa Gwangju. Kama fedha ya nje inaharamisha upande mmoja, basi ihukumiwe pande zote, na ukipiga hesabu utakuta mara nyingi mabeberu walikuwa wamekaa meza moja na anayeandamaniwa. Mimi naunga mkono kabisa kila kikundi kutangaza fedha zake. Nakataa tu kwamba mama aliyempoteza mwanawe anahitaji mfadhili ili alie.

Mchangiaji wa nne

Swali dogo tu. Kama dhuluma ilikuwepo miaka 20 au 30, kwa nini watu wasitoke mwaka wa tano? Kwa nini siku ile na si nyingine? Nyote mnaeleza sababu ya hasira, hamuelezi sababu ya tarehe.

Mchangiaji wa tano

Naomba nijaribu hilo, wapendwa. Mtu anayeishi chini ya utawala wa hofu hajui jirani yake anawaza nini. Kazini anasifu, msibani anasifu, hata mezani na ndugu anachunga ulimi. Wote wanafanya hivyo. Kila mmoja anaamini ndiye peke yake aliyechoka. Utawala unategemea hicho kuliko unavyotegemea bunduki. Kwa hiyo tukio la kwanza, hata liwe dogo, kazi yake ni kuwaonyesha watu idadi yao.

Ndiyo maana watawala wanaogopa mambo ambayo sisi tunayaona hayana nguvu. Argentina, Aprili 30, 1977, akina mama 14 walikwenda uwanja wa Plaza de Mayo, mbele ya ikulu, kuuliza watoto wao waliotekwa wako wapi. Mikusanyiko ilikuwa marufuku. Polisi wakawaambia hawaruhusiwi kusimama kikundi, watembee. Wakatii. Wakashikana mikono wawili wawili, wakatembea kuuzunguka mnara ulio katikati ya uwanja. Wakarudi tena, na tena, kila Alhamisi. Baadaye wakavaa vitambaa vyeupe kichwani ili watambuane. Baadhi yao nao wakatekwa na kuuawa, akiwemo Azucena Villaflor aliyewakusanya mara ya kwanza. Wenzao hawakuacha.

Angalieni walichokuwa wanadai. Hawakusema demokrasia, hawakutaja uchaguzi. Walisema: wako wapi? Lakini jeshi lililokuwa likitawala lisingeweza kulijibu swali hilo na likaendelea kutawala. Hapo ndipo namwelewa mleta mada. Na kuhusu tarehe, kaka, mara nyingi anayeitoa ni utawala wenyewe: tusi moja, maiti moja, muswada mmoja unaomgusa kila mtu kwa siku moja. Dhuluma nyingine zote zilikuwa zinampata huyu leo, yule kesho, kila mtu anabeba yake.

Mchangiaji wa kwanza

Nimerudi. Nakubali Korea imenipiga, na Bangladesh ile ya Julai 21 sina jibu lake. Lakini nina maswali mawili ambayo naomba usiyakwepe.

Moja. Kama demokrasia ni chombo cha kumuuliza mtawala, Kenya Juni 2024 ilikuwa nacho. Uchaguzi ulifanyika 2022, bunge lipo, katiba ya 2010 inasifiwa Afrika nzima. Mbona vijana waliingia barabarani, hadi bungeni, kwa muswada wa fedha? Hiyo si kodi tu, yaani tumbo?

Pili. Misri walimwondoa Mubarak Februari 2011, wakamchagua Mohamed Morsi kuwa rais 2012, na Julai 3, 2013 jeshi likamwondoa. Sudani wakapata mapinduzi Oktoba 25, 2021 na vita Aprili 15, 2023. Tunisia, waliyoiita mfano bora, rais Kais Saied alilisimamisha bunge Julai 25, 2021. Burkina Faso yako ina jeshi madarakani tangu Januari 2022. Waliokufa walikufa kwa ajili ya nini? Mimi nina watoto. Kabla hawajatoka nataka kujua.

Mleta mada

Maswali ya haki kabisa, na la pili ni zito. Sitalikwepa.

Kuhusu Kenya, tazama vijana wale walifanya nini kabla ya Juni 25. Waliusoma muswada wenyewe, wakautafsiri kwa lugha mbalimbali, wakaeleza kifungu kimoja kimoja kwa video fupi. Kisha wakasambaza nambari za simu za wabunge, wakawapigia na kuwatumia ujumbe mfululizo. Mtu mwenye njaa tu haombi nambari ya mbunge. Walikuwa wanakitumia chombo kama kilivyoandikwa. Alasiri ya Juni 25 wabunge 195 wakaupitisha muswada dhidi ya 106, watu wakiwa nje wanapinga, na hapo ndipo uzio ukavukwa na damu ikamwagika. Kesho yake rais akakataa kuutia saini. Naliona kama tukio linalothibitisha hoja yangu: uchaguzi wa kila miaka mitano bila kusikilizwa katikati yake, watu huuhesabu kama mlango uliofungwa.

La pili. Sikubali kwamba jeshi kumpindua Morsi kunathibitisha waliotoka Januari 25, 2011 walitaka kitu kibaya au kwamba hawakujua wanachotaka. Walichotaka kilikuwa wazi. Kilichokosekana ni mikono ya kukishika. Kukusanya watu uwanjani ni kazi ya siku 18. Kujenga chama, chama cha wafanyakazi, matawi, wanasheria, watu wa kuhesabu kura kila kijiji ni kazi ya miaka, na Misri waliokuwa na matawi nchi nzima walikuwa jeshi na Udugu wa Kiislamu, kundi alikotoka Morsi, tu. Uwanja ulipotawanyika, nchi ikabaki kwa hao wawili. Hili nawaambia vijana kila nikipata nafasi, na wengi hawapendi kulisikia, kwa sababu harakati isiyo na viongozi inapendeza na ni ngumu kuikamata. Lakini mezani anakaa mtu mwenye jina, na usipompeleka wako atakaa wa mwenzio. Polandi walikuwa na kamati, mwenyekiti, na orodha yenye namba. Walipigwa na sheria ya kijeshi Desemba 13, 1981, wakafungwa, chama kikapigwa marufuku, na bado Juni 1989 wakatwaa viti 99 kati ya 100 vya Seneti. Sudani nako usiseme hapakubaki kitu: kamati za mitaa zilizozaliwa kwenye maandamano ndizo zilizogeuka kuwa vyumba vya dharura, zikapika chakula na kuhudumia majeruhi vita vilipoanza na serikali haipo.

Na kwa sababu umesema Korea imekupiga, nimalizie nayo. Baada ya ushindi wa Juni 1987, uchaguzi wa Desemba ulichukuliwa na Roh Tae-woo, jenerali mwenzake Chun, kwa sababu wapinzani wawili, Kim Young-sam na Kim Dae-jung, walishindwa kuachiana. Mwaka ule mtu angeweza kuniuliza swali lako neno kwa neno: Lee Han-yeol alikufa kwa ajili ya nini? Lakini katiba mpya ilikuwa imeshapita. Usiku wa Desemba 3, 2024 rais Yoon Suk Yeol akatangaza sheria ya kijeshi, askari wakapelekwa bungeni. Raia wakakimbilia getini kuwazuia, wabunge wakaruka uzio, na mnamo saa saba usiku 190 kati yao wakapiga kura, wote wakiwa upande mmoja, kuiondoa amri ile. Katiba hiyo ya 1987 inamlazimu rais kutii kura kama hiyo, na kabla hakujapambazuka akatii. Aprili 4, 2025 Mahakama ya Katiba, chombo ambacho hakikuwepo kabla ya katiba hiyo, ikamwondoa madarakani kwa kauli moja ya majaji wanane. Aliulizwa, akashindwa kujibu, akaondoka.

Watoto wako sitawaamulia watoke au wasitoke, kaka, hilo ni lako na lao. Nakuomba wakitoka uwaulize nani ameandika orodha ya madai, na nani ataingia chumbani kuisoma.